Mama Mkwe na Shokapu za Kiroboto

Sehemu ya Sita

Wiki iliyopita niliwaacha barabarani nikiwa nimeshika kichwa. Mtahini wa leseni alikuwa amefungua mlango wa gari langu, ameshuka katikati ya mtihani, na anaondoka zake kwa miguu.

Kwa wewe unayenisoma leo kwa mara ya kwanza: mimi ni mwalimu wa udereva. Nilifukuzwa kwenye shule niliyokuwa nafundisha, nikanunua kigari changu kidogo ili nijitegemee, na mwanafunzi wangu wa kwanza, kwa amri ya mke wangu, akawa mama yake mzazi. Ndiyo, mama mkwe. Mjane, mkunga mstaafu, mwanamke aliyepokea nusu ya watoto wa mtaa wetu kwa mikono yake na haogopi kitu duniani isipokuwa klachi.

Kigari chenyewe majirani wamekibatiza jina la Kiroboto. Ni kidogo, na kinaruka.

Haya, tuendelee.

Nilimkimbilia mtahini.

"Mzee, samahani! Mama amekanyaga breki kwa nguvu kidogo tu. Ni umri, mzee wangu."

Akageuka. Alikuwa ameshika paji la uso, pale lilipobusu dashibodi.

"Umri wa nani? Yule mama anakanyaga breki vizuri kabisa. Mwenye matatizo ni gari lako. Likifunga breki linainama kama linaamkia wakwe. Likipita tuta, linaendelea kuruka mpaka tuta linalofuata. Lipeleke kwa fundi, mrudi Ijumaa. Na likija hivi hivi, mama simfelishi. Nakunyang'anya wewe kibali cha kufundishia."

Nikarudi garini kichwa chini. Mama mkwe alikuwa bado nyuma ya usukani, mkanda umefungwa, mgongo umenyooka kama mtu anayesubiri kupigwa picha ya pasipoti.

"Amesemaje, mwanangu?"

Hapa ndipo penye aibu yangu, na kwa kuwa tulikubaliana sifichi kitu, nasema. Muda wote huo nilikuwa namwambia mama wa watu kwamba tatizo ni mguu wake. Kwa heshima, bila shaka, maana mama mkwe hakaripiwi. Nilikuwa nasema, "Mama, breki inabembelezwa." Nasema, "Mama, fikiria kuna yai chini ya kiatu." Na yeye anaitika, "Sawa, mwalimu," anabembeleza, na Kiroboto anainama vilevile, pua chini, makalio juu.

"Amesema gari lina hitilafu kidogo," nikajibu.

"Hitilafu."

"Kidogo."

"Kwa hiyo si mguu wangu."

"Si mguu wako, mama."

Alitazama mbele. Sikumwona akicheka. Ila mabega yake yalitikisika, na Kiroboto, kwa kuwa hana kinachomzuia, akatikisika pamoja naye.

"Basi tumpeleke hospitali," akasema. "Namjua fundi. Funga mkanda."

Sasa niwaambie kitu ambacho mwanaume mwenye akili angekitilia shaka palepale. Mama mkwe huwa ananiuliza njia hata ya kwenda sokoni. Siku hiyo alikata kushoto, akakata kulia, akapita nyuma ya kiwanda cha magodoro, akaingia kichochoro ambacho mimi mwenyewe sikijui, na hakuuliza neno. Nikajisemea, wakunga wanajua kila mtaa. Nikatulia na ujinga wangu.

Gereji ilikuwa banda refu la mabati. Sakafu nyeusi kwa mafuta lakini imefagiwa, spana zimepangwa ukutani kwa ukubwa, ndogo mpaka kubwa. Mwenyewe alitoka chini ya lori, mtu wa makamo aliyekwisha kuyavuka makamo, mvi zimenyolewa vizuri, ovaroli imepigwa pasi. Nasema pasi. Fundi wa magari!

Watu wanamwita Fundi Taratibu. Nilielewa sababu pale alipofuta mikono, akaitazama, akaifuta tena, ndipo akatusogelea.

"Karibu, Mkunga," akasema.

"Ahsante, Fundi. Nimekuletea mgonjwa."

"Na huyu?"

"Mkwe wangu. Mume wa mwanangu."

Fundi akanitazama juu hadi chini, kama mtu anayepima kitambaa kabla ya kukikata.

"Ndiye huyu," akasema.

Hakuuliza. Alisema. Na mimi, ndugu msomaji, nikampa mkono nikacheka.

"Limeanza lini kugonga?" akaniuliza.

"Kugonga? Halijawahi kugonga. Ni leo tu limekuwa laini kidogo."

"Mficha uchi hazai," mama mkwe akadakia. "Mwambie fundi ukweli. Linagonga tangu uninunulie ile leso ya kufutia jasho."

Fundi akaniita mbele ya gari. "Egemea hapa juu ya gurudumu. Sukuma chini kwa uzito wako wote, kisha achia ghafla."

Nikasukuma, nikaachia. Kiroboto akapanda, akashuka, akapanda, akashuka, akapanda tena kana kwamba amesikia muziki.

"Gari lenye afya linapanda mara moja na kutulia," Fundi akasema. "Hili linacheza."

Mama mkwe akahamia upande wa pili, akaweka kiganja kwenye bodi, akainamisha kichwa kama alivyokuwa akisikiliza matumbo ya wajawazito.

"Huku juu kuna kitu kinalia. Mkwe wangu, hebu ingia uzungushe usukani."

Nikazungusha. *Kro.* Nikarudisha. *Kro.*

"Mauntingi," Fundi akasema, na uso wake ukang'aa. "Ule mpira wa juu unaobeba shokapu. Umekwisha. Mkunga, masikio yako hayajastaafu."

"Kilichostaafu ni magoti tu, Fundi."

Wakacheka. Mimi nikachungulia chini ya gari, maana nilihisi nimebaki peke yangu.

Fundi akanifuata na tochi. Nyuma ya gurudumu la kushoto, ile shokapu, wengine wanaiita shokomzoba, ilikuwa imelowa mafuta tangu kati mpaka chini, na vumbi limeganda juu yake kama tope.

"Umeona? Inavuja. Sikiliza, mwalimu. Hii springi kazi yake ni kubeba gari, lakini ni kama mtoto, ukimgusa anaruka. Shokapu ndiyo mzazi, inamwambia tulia. Hapa mzazi alishakufa zamani. Mtoto anafanya anavyotaka."

Akanishika mkono, akaupitisha juu ya tairi. Kiganja changu kikapanda na kushuka: tairi lilikuwa limeliwa kwa mabonde mabonde.

"Limekuwa halikanyagi barabara. Linarukaruka juu yake. Siku ya mvua ungefunga breki, ungekwenda kusimama sebuleni kwa mtu."

Nilimtazama mama mkwe akiwa amesimama pale na miwani yake puani, nikafikiria mteremko ule tuliokuwa tukifanyia mazoezi.

"Basi tubadilishe hii ya kushoto," nikasema. "Ya kulia naona iko kavu."

"Nikupe kiatu kipya mguu mmoja," Fundi akajibu, "na mwingine nikuache na kandambili. Utatembeaje?"

"Nitachechemea."

"Hata gari litachechemea. Shokapu za mbele hubadilishwa pamoja. Nenda dukani kwa mwenye vipuri, pale kona. Taka mpya, kushoto na kulia, pamoja na mauntingi zake na zile raba za vumbi. Usilete mtumba."

"Twende, mama," nikasema.

Mama mkwe alikuwa ameshavuta kigoda.

"Nenda tu, mwanangu. Mimi nitabaki na mgonjwa."

Mwenye duka la vipuri ni mtu mnene mwenye sauti tamu kuliko ya mtangazaji. Nilimweleza shida yangu. Akaniangalia kwa huruma.

"Mpya za nini, kaka? Mpya za siku hizi karatasi tupu. Mimi nina mtumba wa uhakika. Zimetoka kwenye gari la bibi mmoja aliyekuwa haendi popote."

Akazitoa. Nyeusi, zinang'aa, unaweza kujitazama. Bei yake ilinifanya nisahau kila nilichoambiwa kule gereji. Nikazibeba begani kama mtu aliyetoka kuwinda.

Nilipofika, Kiroboto alikuwa juu ya stendi bila magurudumu ya mbele, na Fundi na mama mkwe wanakunywa chai. Nikaziweka shokapu mezani kwa kishindo.

Mama mkwe alipitisha kidole juu ya ile nyeusi inayong'aa. Akakinyanyua. Kidole kilikuwa cheusi.

"Rangi haijakauka," akasema.

Fundi akaisimamisha moja, akaibonyeza fimbo yake kwa kidole gumba. Ikazama bila ubishi, kama kisu kwenye ndizi mbivu. Tukasubiri irudi. Haikurudi.

"Imelala," Fundi akasema kwa upole. "Haiamki. Huyu bibi asiyekwenda popote, nadhani shokapu ndizo zilizomzuia."

"Hatakubali kuzirudisha," nikasema. "Kaandika ukutani kwa herufi kubwa: bidhaa ikiuzwa haipokelewi."

Mama mkwe akanywa funda la mwisho, akasimama, akanyoosha gauni.

"Zibebe. Twende."

Nikazibeba. Tulipoingia dukani, mwenye duka alianza na sauti yake tamu, "Karibu, kaka, kwani kuna—" Akamwona aliye nyuma yangu. Sauti ikakauka.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba. Wewe nilikupokea ukitanguliza miguu," mama mkwe akasema. "Nilihangaika na wewe usiku kucha. Naona mpaka leo unapenda kwenda kinyume."

"Mama, huyu sikujua ni..."

"Ungejua ungempa nini?"

Boksi mbili zilishuka kutoka rafu ya juu kabla sijaziweka chini zile za begani. Alijaribu kidogo kutuuzia aina ngumu, za watu wa mashindano. "Mimi sishindani na mtu," mama mkwe akamwambia. "Lete za kawaida." Akafungua boksi mwenyewe. Akabonyeza fimbo: ilishuka kwa kinyongo, kisha ikapanda yenyewe, polepole, bila kukwama. Akahakikisha moja imeandikwa kushoto na nyingine kulia, na kwamba kile kishikio cha mpira wa breki kiko upande unaotakiwa.

"Mama, haya umejifunza wapi?" nikamuuliza tukiwa njiani.

"Mtu akiongea, mimi husikiliza."

"Nani aliongea?"

"Angalia shimo, mwanangu."

Kulikuwa na shimo kweli. Nikalikwepa, na swali likapita.

Nilirudi gereji nikiwa na hamu ya kuokoa heshima yangu. Nikaomba kusaidia. Fundi akanipa spana, kwa shingo upande, akasema nilegeze nati za juu, zile zilizo ndani ya boneti, wakati yeye anafungua chini. Nilifungua boneti. Nikaona nati kubwa moja katikati na tatu ndogo zimeizunguka. Nikawaza kama wawazavyo wanaume: kubwa ndiyo yenyewe. Nikaivalisha spana, nikakaza misuli.

"ACHA!"

Sikujua Fundi Taratibu ana sauti ile. Lakini kabla ya sauti, kofi la mama mkwe lilishatua kwenye mkono wangu.

"Usisukume kabla ya wakati!" akafoka.

Nadhani sentensi ile ilimtoka kwa mazoea ya kazi.

Fundi alikuja jasho likimtoka. "Mwalimu, hiyo ya katikati ndiyo inayoishikilia springi. Springi imekandamizwa mle ndani na ina hasira. Ukiilegeza hiyo, inatoka. Ingepita na kidevu chako, ikaenda kutoboa bati."

Nikakigusa kidevu changu. Kilikuwepo.

"Hizo tatu ndogo tu," akaendelea, sauti imerudi chini. "Kisha ukae pale."

Nilizilegeza tatu ndogo, nikaenda kukaa pale. Kutokea pale niliona kila kitu, na sasa nawaambia nilichokiona.

Fundi aliachilia mpira wa breki kwenye kishikio chake, akaufunga pembeni kwa waya usining'inie. Akafungua bolti mbili kubwa za chini. Mkono wake ulipokwenda hewani kutafuta spana, spana ilikuwa imeshafika. Mama mkwe ndiye aliyeipeleka. Hakuambiwa namba.

Shokapu yote ikatoka pamoja na springi yake. Fundi akaifunga vibanio viwili, kila upande kimoja, akaanza kuikandamiza springi: anakaza huku kidogo, anahamia kule kidogo, ili isipinde.

"Taratibu," mama mkwe akawa anasema. "Pumzika. Vuta pumzi. Haya, tena kidogo. Vizuri sana."

"Naendelea?"

"Endelea. Unafanya vizuri."

Nimeshuhudia mke wangu akijifungua, na nawaambia hakuambiwa maneno matamu kama yale.

Springi ilipobanwa kabisa ndani ya vibanio, ndipo akaifungua ile nati kubwa, akaitoa shokapu iliyokufa, akaweka mpya, raba mpya, mauntingi mpya. Ncha ya springi akaizungusha mpaka ikalala kwenye kitako chake. "Ikikaa nje ya kitako, italia njia nzima," akaeleza. Hakuwa ananieleza mimi.

Upande wa kulia ulikwenda haraka zaidi. Katikati ya kazi Fundi alimimina chai nyingine. Mimi akanitilia sukari bila kuniuliza. Kikombe cha mama mkwe akakipeleka bila sukari.

Sasa, mama mkwe hanywi chai ya sukari. Daktari alimkataza. Jambo hilo tunalijua sisi wa nyumbani.

"Fundi," nikasema, "umejuaje kwamba mama hanywi sukari?"

Spana ilianguka. Mama mkwe akaanza kukagua tairi kwa makini, mabonde yake yote, moja baada ya jingine.

"Tumshushe mgonjwa," Fundi akasema. "Bolti za mwisho zinakazwa akiwa amesimama kwa miguu yake."

Akamshusha Kiroboto, akakaza. Akaniita nisukume kama mwanzo. Nikaegemea, nikaachia. Kiroboto akapanda mara moja, akatulia. Nikarudia nikidhani nimekosea. Akatulia tena. Nilikaribia kulia.

"Imebaki alaimenti," Fundi akasema, "magurudumu yatazame njia moja. Mashine iko kwa jamaa yangu barabara ya juu. Lakini kwanza, mwalimu, naomba tusogee pembeni."

Tukasogea mpaka nyuma ya lori. Alifuta mikono. Akaitazama. Akaifuta tena.

"Kuna tatizo jingine kwenye gari?" nikauliza.

"Gari limepona. Tatizo ni mimi."

Akaegemea lori.

"Mke wangu alifariki miaka mingi iliyopita. Nikazoea. Nilisema basi, nitaongea na injini. Halafu nikaenda kupima presha, nikakaa benchi moja na Mkunga. Aliniambia napumua vibaya. Wiki iliyofuata nikarudi kupima, na yeye yupo. Mwalimu, presha yangu ilishapona. Bado naenda kupima."

"Fundi, unataka kusema..."

"Nataka kumuoa mama mkwe wako."

Niliishika bodi ya lori. Naye akaendelea, kana kwamba akisimama hataweza kuanza tena.

"Nilishamwambia. Hakukataa. Ila ametoa masharti mawili. La kwanza, apate leseni yake kwanza. Anasema haolewi ili apate dereva. Akija kwangu aje kwa mkono wake, na akikasirika aondoke kwa mkono wake."

Kumbe! Ndiyo maana ya mazoezi yote yale, klachi, mteremko, jasho na leso. Na mimi nikimwambia habari za yai.

"Na la pili?"

"Binti yake aambiwe. Na wa kumwambia ni wewe."

"Mimi? Kwa nini asimwambie mwenyewe?"

Fundi alitazama viatu vyake.

"Anasema binti yake akikasirika, wewe umeshazoea."

Ndugu zangu, nilicheka, kisha nikaacha. Hamumjui mke wangu. Baba yake alikuwa ndiye kila kitu kwake. Kile kiti cha mzee sebuleni mpaka leo hakikaliwi. Mgeni akikikaribia, mke wangu anamwambia kina mguu mbovu. Mwezi uliopita jirani alitania tu kwamba mama bado kijana, atafutiwe mzee wa kuzungumza naye. Mke wangu aliondoka mezani, na usiku ule nilimkuta jikoni anaosha sahani ambazo zilikuwa safi. Sikumuuliza. Nilichukua kitambaa nikazifuta.

Na sasa mimi ndiye niwe mshenga wa mama mkwe wangu mwenyewe.

"Nipe muda," nikamwambia Fundi. "Jambo hili si la kukurupuka. Nitatafuta siku nzuri."

"Chukua muda wako. Mimi najulikana kwa taratibu."

Tulipotoka nyuma ya lori, mama mkwe alikuwa ndani ya gari, injini inanguruma, anafuta kioo. Simu yake ilikuwa mkononi, akairudisha kwenye mkoba.

"Fundi, panda unionyeshe hiyo alaimenti. Mkwe wangu, wewe tusubiri hapa, upumzike. Umefanya kazi kubwa."

"Mama, mwanafunzi haruhusiwi kuendesha bila mwalimu wake."

"Fundi ana leseni tangu hujazaliwa."

Wakaondoka. Mbele ya gereji kuna tuta, la ukweli, lile linalong'oa vibati vya chini. Kiroboto alilipanda, akalishuka, akanyamaza. Hakuinama, hakuruka. Mama mkwe akatoa mkono dirishani, akanipungia bila kugeuka.

Nilikaa juu ya tairi kuukuu, shokapu mbovu miguuni, nikaanza kupanga maneno. Nikasema nitaanza na habari ya upweke. Hapana, nitaanza na habari ya gari. Au nisubiri mpaka Ijumaa ipite, mama apate leseni, furaha iwe nyingi, ndipo nipenyeze.

"Uko hapa."

Nikainua macho. Mke wangu! Ni fundi cherehani, na alikuwa ametoka kazini mbio: futi ya kupimia bado iko shingoni, pini zimechomekwa kwenye kola. Macho mekundu.

"Umejuaje niko hapa?"

Akanipa simu yake nisome. Ujumbe kutoka kwa mama mkwe: *Njoo gereji nyuma ya kiwanda cha magodoro. Mume wako ana jambo zito la kukuambia. Msikilize, usimkatishe.*

Nipe muda, nilimwambia Fundi. Mama mkwe hakunipa hata dakika.

"Haya," mke wangu akasema. "Sikukatishi. Sema."

"Keti kwanza."

"Sikai! Mpaka mama yangu amejua kabla yangu. Ni nani?"

"Nani nani?"

"Huyo mwanamke."

"Mwanamke gani? Mke wangu, hapana! Anayetaka kuoa si mimi."

"Kuoa!" Akashika ncha mbili za ile futi kama anayetaka kujinyonga, au kuninyonga. "Imeshafika kuoa!"

"Sikiliza basi. Kuna mtu anataka kuoa, na mimi nimeombwa tu nikuambie."

"Na huyo anayeolewa, namjua?"

"Unamjua."

"Mdogo kwangu?"

"Mkubwa. Mkubwa kiasi."

"Mtu wa karibu?"

"Sana."

"Jina lake nani? Nataka kulisikia kinywani mwako. Mimi namwitaje?"

Maneno yote niliyoyapanga juu ya lile tairi yalinikimbia. Likabaki moja.

"Mama," nikasema.

"Usiniite mama! Nimekuuliza namwitaje huyo..."

Nimeishi na mke wangu miaka mingi, na sikuwahi kuuona uso wake ukipita sehemu nyingi hivyo kwa wakati mmoja. Kwanza ilikuja nafuu, kwamba si mimi. Nafuu haikukaa. Aliiachia ile futi ikaning'inia, akakaa juu ya tairi nililotoka, akaweka mikono mapajani kama msichana aliyeitwa ofisini kwa mwalimu mkuu.

"Ni nani huyo mtu?" akauliza polepole.

"Fundi wa hapa. Ni mtu mwema. Hana haraka na kitu chochote."

"Baba alikuwa na haraka," akasema. "Kila kitu haraka."

"Najua."

"Mama anacheka akiwa naye?"

Ningeweza kudanganya. "Anacheka," nikasema. "Sana."

Alitikisa kichwa, sikujua ni kwa kukubali au kwa kukataa, na machozi yakamdondokea mikononi. Nilitaka kumshika bega, lakini alikuwa ameshageuka kutazama nje.

Kiroboto alikuwa anaingia, magurudumu yamenyooka. Mama mkwe alimwona binti yake, akafunga breki palepale langoni. Gari likasimama bila kuinama hata kidogo. Kioo kilikuwa wazi. Fundi Taratibu, kando yake, alikuwa ameanza kufuta mikono.

Mke wangu akasimama. Akachomoa pini zote kwenye kola, akanikabidhi mkononi, moja ikanichoma. Kisha akaenda moja kwa moja mpaka upande wa Fundi, akashika kitasa, akaufungua mlango.

"Shuka," akamwambia.

Itaendelea wiki ijayo.